Syombua Kivuva na Siku Kumi na Mbili za Ikutha

Tarehe 30 Juni 1995, Bi. Syombua Kivuva anastaafu baada ya miaka thelathini na mmoja katika ofisi yetu ya Kitui. Alikuja mwaka 1964 kama karani wa ramani, lakini meza haikumweza. Kila ramani aliyoichora alitaka kwenda kuiona kwa miguu, na punde akawa ndiye anayetumwa kukagua makazi ya wanyamapori popote palipopangwa mradi.

Sampuli za kinyesi cha wanyama alizibeba katika mkebe wa biskuti. Mhudumu mmoja wa hoteli Mtito Andei aliwahi kuufungua kwa matumaini makubwa.

Kazi iliyompa jina ni ya bwawa la Ikutha, mwaka 1985. Ukame ulikuwa umemaliza ng'ombe na watu walitaka maji upesi. Wajenzi walimpa siku kumi na mbili aeleze bwawa na ua wake vingewaathiri vipi wanyama, kazi ambayo wengine waliifanya kwa miezi sita. Yeye hakungoja kumwona mnyama. Alitumia picha zilizopigwa kutoka ndegeni kuigawa nchi kulingana na mimea yake, kisha katika kila sehemu akatembea mistari michache ya kilomita moja, akihesabu nyayo, kinyesi na matawi yaliyovunjwa.

Siku ya tisa jibu lilikuwa wazi: ua ungeziba njia ya ndovu, nao wangegeukia mashamba. Mhandisi, Bwana Mulei, alisema kinyesi si ushahidi. Bi. Syombua hakubishana. Alimwomba tu waende pamoja alfajiri. Walikuta vigingi kumi na saba vya kupimia ua vimeng'olewa, na kinyesi cha ndovu bado kinatoa mvuke.

Bwana Mulei akauliza: "Sasa mama, bwawa tulipeleke wapi?"

"Panda na mto kilomita nne. Nimeshapapima."

Lilijengwa huko huko. Ikutha walipata maji, ndovu wakabaki na njia yao, na sisi sote tukajifunza kukagua kwa mistari.

Jumatatu tarehe 3 Julai tunaanza ukaguzi wa barabara mpya ya Mwingi. Tulipomuuliza angependa zawadi gani, Bi. Syombua aliomba nafasi katika Land Rover, bila mshahara. Tumempa kiti cha mbele.

Asante, Bi. Syombua, kwa kila kilomita. Mungu akujalie afya na miaka mingi yenye furaha. Gari linaondoka saa kumi na moja alfajiri.