Kumuaga Bi Odile, Aliyezirudisha Salamu Zetu

Mheshimiwa Balozi Mdogo, uliyeacha shughuli zako ukaja kuketi nasi. Wazee wetu, mkiongozwa na Mzee Amour. Viongozi wa dini mlioshiriki meza moja. Ndugu wageni waalikwa. Na wewe Bi Odile Kervella, ambaye itifaki imekuweka mwisho ilhali jioni hii ni yako:

Nasimama mbele yenu kwa niaba ya kamati ya filamu, nikiwa na nafuu ya mtu aliyetua mzigo. Filamu yetu imekamilika, hatukugawanyika, na aliyeihariri anarudi kwao Ufaransa akiwa bado rafiki yetu. Kuna wakati nisingethubutu kuahidi hata moja kati ya hayo.

Bi Odile alijifunza uhariri mjini Paris, enzi ambazo mhariri aliikata filamu kwa wembe na kuiunga kwa utepe. Nani kati yetu hukumbuka jina la mhariri? Tunamkumbuka mwigizaji, tukijitahidi sana tunamtaja mwongozaji, lakini yule aliyeamua jicho letu litue wapi na liondoke lini, hatumjui. Alipohamia Dubai alihariri matangazo ya manukato na maghorofa, na kazi yake ilikuwa kuhakikisha hakuna anayepiga miayo. Ndipo tukampelekea picha zetu: walinzi, mafundi, wasafishaji na wafanyakazi wa nyumbani wakieleza maisha yao hapa.

Mnaikumbuka siku tulipoitazama mara ya kwanza, dukani kwa Mzee Amour kule mtaa wa Naif? Alianza Shem, mlinzi, moja kwa moja: "Nilikuja kutafuta kazi." Mzee Amour akaagiza isimamishwe.

"Huyu kijana kaingia bila hodi? Mbona hakusalimu?"

Shem akajitetea kutoka nyuma: "Mzee, nilisalimu. Hata mbuzi wa nyumbani niliwaulizia."

Ivy, mkalimani wetu, akamfasiria Bi Odile, naye akajibu kwa utulivu kwamba salamu zote amezikata, maana kila mtu anasema yale yale.

"Ni kweli, bibie," akasema Mzee Amour, "na bado tunaulizana kila siku. Kama hazimo, khalas, yamekwisha, na sura yangu itoeni."

Wengi wakamuunga mkono. Lakini aliyekuwa na la kupoteza zaidi alikuwa mwingine. Dada yetu Phyllis, msafishaji wa hoteli, alifiwa na mama yake na hakupata ruhusa ya kwenda kumzika. Kaka zake kule Kakamega walishaanza kusema kwamba Dubai imemlevya. Na filamu ile ilimwonyesha akicheka, akisimulia vituko vya wageni wa hotelini, basi. Wangehitaji ushahidi gani zaidi?

Mhariri mwingine angeutetea mkasi wake. Bi Odile alirudi mezani pamoja na Ivy, akazisikiliza salamu moja baada ya nyingine, mpaka akafika kwa Phyllis. Anaulizwa: "Habari za nyumbani?" Anajibu: "Nzuri." Anatazama mikono yake, kimya kinarefuka hadi muulizaji anakohoa. "Nzuri tu. Mama ndiye hayupo." Anajipangusa uso, na ndipo anaanza vituko vyake.

"Nilitupa filamu," Bi Odile alimwambia Ivy, "nikabakiza tangazo."

Alizirudisha zote. Mwezi uliopita Phyllis aliwatumia kaka zake sehemu hiyo, na mkubwa wao akapiga simu. "Tumekuona," alisema. "Ukipewa ruhusa, njoo. Kaburi hatujalijengea. Tunakungoja."

Bi Odile, ulikubali kuanza upya kazi unayoijua kuliko sisi sote. Tunakushukuru. Nanyi nyote nawashukuru kwa masikio yenu. Limebaki jambo moja kabla chakula hakijapoa.

Tamasha moja la filamu limekubali kuionyesha kazi yetu kwa sharti kwamba ifupishwe, na wanapendekeza zipunguzwe salamu. Kamati imeamua kukataa. Hata hivyo, tulikubaliana tangu mwanzo kwamba hatutaamua lolote juu ya sura ya mtu bila ridhaa yake, na Bi Odile anasafiri kesho. Kwa hiyo, ninyi mnaoonekana ndani ya filamu na mnaotaka ibaki ilivyo, nawaomba msimame sasa hivi. Phyllis, tafadhali tuanze na wewe.