Nafasi ya Jina Moja Kwenye Kibao cha Vendula

Benchi letu liko nyuma ya uwanja namba mbili wa klabu ya tenisi ya Horní Vrbice, na limepakwa rangi ya kijani mara nyingi kiasi kwamba sina hakika kama ndani bado kuna mbao. Mwezi wa nne, Jumamosi zote, wanachama huja kutoa saa zao za kazi: kukwangua udongo mwekundu ulioharibiwa na theluji, kumwaga mpya, kuumwagilia, kuushindilia kwa roli, lile gurudumu zito la chuma, kisha kupigilia kanda nyeupe za mistari kwa misumari. Kila mwanachama anatakiwa atoe saa nane. Sisi wanne tumefikia umri ambao kukaa na kuwaambia wenzetu wanapokosea nako kunahesabiwa kuwa kazi. Uamuzi huo tuliupitisha wenyewe. Kahawa yetu ni ya unga uliomwagiwa maji ya moto ndani ya glasi, machicha yanatulia chini, na ukishayafikia machicha ujue na mazungumzo yamefika mwisho.

Jumamosi hiyo nilikuwa nimepakata kibao cha shaba. Vendula Skoupilová, mtoto wetu wa hapahapa, aliyezunguka dunia miaka kumi na sita akicheza tenisi ya kulipwa mpaka akashika nafasi ya arobaini na tatu, alikuwa ametangaza redioni kwamba goti limemshinda na anaacha. Saa tisa alasiri angekuja kuuona uwanja wake wa utotoni. Kibao nilikichonga mimi. Mimi ndiye Kufuli, maana nimetengeneza vitasa vya mji huu miaka arobaini. Kilisomeka: HAPA VENDULA SKOUPILOVÁ ALIJIFUNZA TENISI, SHUKRANI KWA. Halafu nafasi tupu. Nilikosea kupima, ikabaki nafasi ya jina moja tu, tena fupi. Jina hilo lilitakiwa ligongwe kabla ya saa nane, na tangu saa tatu asubuhi tulikuwa tunagombana.

– Gonga Alois, uondoe aibu, alisema Udongo. Huyo alitunza viwanja hivi tangu akiwa na nywele, na Alois ndilo jina lake la kwenye kitambulisho. – Mtoto aliteleza vizuri kule Paris, kwenye udongo kama huu, kwa sababu gani? Udongo wangu! Nilikuwa naloanisha kona ya kushoto kupita kiasi, makusudi kabisa, ili azoee.

– Makusudi wapi! Bomba lako lilikuwa linavuja, alisema Posta.

Posta ni Mama Květoslava, amepeleka barua kwa baiskeli miaka thelathini na moja, na hakuna siri ya mji huu ambayo hajapita nayo mlangoni.

– Linavuja makusudi, alisema Udongo.

– Acha fiksi, mzee. Miguu ya yule mtoto ilitokana na mbwa. Mnamkumbuka mbwa wa muuza nyama, mtaa wa nyuma? Kila siku saa nane Vendula anatoka shule, mbwa anatoka uani. Kulia, kushoto, nyuma, mbele, mpaka getini hapa. Miaka saba! Kocha gani anatoa mazoezi kama hayo? Na aliyekuwa anaacha geti la muuza nyama wazi ni nani?

– Nani?

– Mimi. Barua nimeshika mkono huu, baiskeli mkono huu, geti nilifunge na nini?

Tukacheka mpaka kahawa ikanimwagikia suruali. Profesa hakucheka. Bwana Bohumír alifundisha jiografia, na kwake hakuna jambo dogo lisiloanzia kwenye sayari.

– Nyie mnaongelea miguu, alisema. – Swali la kitaalamu ni moja tu. Kwa nini Vendula hakuwahi kuogopa wachezaji wa mkono wa shoto?

Hapo tulimkubalia, maana ni kweli. Wachezaji wakubwa kumzidi walikuwa wakipangiwa mtu wa shoto wananuna. Vendula alikuwa anatabasamu. Magazeti yaliandika, redio ikasema, na alipomtoa yule Mhispania mrefu kwenye mzunguko wa tatu kule Paris, mtangazaji alisema ni kama amezaliwa na kioo ndani ya nyumba. Mimi kipande hicho cha gazeti ninacho. Vyote ninavyo, ndani ya boksi la viatu, vimepangwa kwa mwaka.

– Jibu liko wazi, aliendelea Profesa. – Uwanja huu umelala upande wa magharibi kwa vidole viwili. Nimepima. Mpira wowote ukidunda hapa unakwenda kama umepigwa na mtu wa shoto. Ndiyo maana kule Melbourne, Australia, alikuwa anatolewa mapema. Chini ya ikweta dunia inauvuta mpira upande wa pili.

– Hapo umechemka, mwalimu!

– Mama Posta, mimi nimefundisha ikweta miaka thelathini.

– Umefundisha, lakini umeshawahi kuivuka?

– Hata kilima cha hapa unakipanda kwa magongo mawili, alidakia Udongo. – Mimi nasema ni upepo. Upepo wa hapa unatoka Poland, na kule kuna kiwanda cha…

– Kiwanda cha nini?

– Cha upepo! Sasa unanikatisha ya nini?

Nikatia na langu, nisije nikaonekana sina mchango. Nikawakumbusha nani alikuwa anamfungia nyuzi za raketi bure, na nani alikuwa anapiga kelele kutoka benchi hili, kila mpira, kila siku: “Goti, Vendula! Kunja goti!” Posta akanitazama.

– Na goti ndilo lililomshinda. Hongera, Kufuli.

Ilinichoma, lakini nilicheka. Ndivyo benchi letu lilivyo, na ukweli ni kwamba nililipenda mno asubuhi ile. Harufu ya udongo uliolowa, roli likilalamika, soseji zikianza kunukia kwenye moto kule karibu na banda. Nilimwona Vendula vilevile, mtoto wa miaka saba, soksi moja imeshuka, amesimama kule mwisho wa uwanja ametugeukia sisi, akipiga mpira kama anafukuza nyuki. Alicheza upande ule daima, na sisi tulikaa huku. Uso wake naujua kuliko wa ndugu zangu wenyewe. Miaka imeenda, jamani. Imeenda kweli.

Wakati huo dada mmoja alisimamisha toroli la udongo mbele yetu. Ni Ivona, mgeni, amehamia mjini wakati wa baridi na alikuwa anatoa saa zake za kwanza. Alikuwa amesikia kila kitu, kwa sababu Udongo hajui kunong'ona.

– Samahani wazee wangu, naweza kuuliza?

– Uliza, dada, alisema Profesa. – Hapa ndipo pa kuuliza.

– Huyo Vendula, alikuwa anacheza na nani?

– Na nani vipi? Na sisi! alisema Udongo.

– Wewe ulikuwa unacheza naye?

– Mimi? Mimi nilikuwa namwagilia.

– Namaanisha, miaka yote hiyo, kila siku… upande wa pili wa wavu alisimama nani? Nani alikuwa anamrudishia mipira?

Profesa akavua miwani.

– Ukuta, alisema Udongo. – Alikuwa anapiga ukutani pale.

– Ukuta tuliujenga mwaka mmoja baada ya yeye kuondoka, alisema Posta taratibu. – Wewe mwenyewe ulichanganya saruji.

– Basi alikuwepo mtu, alisema Ivona.

– Alikuwepo, alisema Profesa. – Kulikuwa na kabinti. Mgongo wake nauona kabisa. Nywele zimefungwa nyuma. Alikuwa anasimama hapa, mbele yetu. Nywele nyeusi… Alikuwa na shati la bluu.

– La kijani, alisema Posta. – Na raketi alikuwa anashika…

Akainua mkono wake ili aonyeshe. Akautazama. Ulikuwa wa kushoto.

Wote watatu wakaanza kunigeukia, mmoja mmoja, na mimi nikainamia kibao kana kwamba kimepata kutu ghafla. Shati lilikuwa la kijani. Lilikuwa shati langu la zamani, mama yake alilipunguza kwa cherehani.

– Kufuli, alisema Posta, na kwa mara ya kwanza asubuhi ile sauti yake haikuwa na utani. – Si alikuwa Apolena wako?

Alikuwa Apolena wangu. Majira saba ya joto, kila siku, mtoto wangu alisimama pale ametupa mgongo na kumrudishia Vendula kila mpira, ili Vendula apige tena na sisi tupige kelele tena. Siku Vendula alipochukuliwa kwenda kituo kikubwa cha tenisi cha Prostějov, mji mzima ulikwenda stesheni kupunga mikono. Kesho yake Apolena alikuja hapa na raketi yake, akakuta hana wa kucheza naye, akakaa nasi benchini. Alikuja hivyo wiki mbili au tatu. Halafu akaacha kuja, na mimi sikuuliza. Nilikuwa nasoma gazeti nitazame Vendula ameanzaje. Ndani ya boksi langu la viatu hakuna hata karatasi moja ya mwanangu. Niliona aibu mpaka masikio yakawaka.

– Ulikuwa unajua? aliniuliza Profesa.

– Nilikuwa najua, nikasema. – Sikuwahi kulifikiria.

Ivona aliomba radhi akasukuma toroli lake. Nikainuka, nikaenda nyuma ya banda la vifaa, nikampigia mwanangu simu. Apolena anaendesha tramu, ile treni ya mitaani, kule mjini Ostrava. Huwa tunaongea Krismasi na siku za kuzaliwa. Alipokea mara moja.

– Baba? Nani amekufa?

– Hajafa mtu.

– Unaumwa?

– Siumwi, mwanangu. Uko kazini?

– Leo nimepumzika. Baba, unanitisha. Kuna nini?

– Vendula anakuja leo klabuni. Saa tisa.

– Najua. Ameniandikia. Amesema nije na raketi, nikamwambia sijaalikwa.

Nilishika ukuta wa banda. Nikamweleza habari ya kibao, mbwa wa muuza nyama, bomba la Alois na ikweta ya mwalimu, akacheka sana, kicheko cha mama yake. Nikamwambia swali la yule dada. Akaacha kucheka.

– Mkamjibu nini?

– Kwanza tulimjibu ukuta. Halafu Posta akakutaja wewe.

Nikasikia tramu ikipita mahali fulani nyuma yake.

– Baba, nami nikuulize. Nilikuwa nachezaje?

Jamani. Nimefungua milango ya watu usiku na mchana, hakuna kufuli iliyowahi kunishinda namna hiyo. Ningeweza kumwambia alikuwa anacheza vizuri. Lakini nilikuwa sijui. Nilikaa mita tano nyuma yake miaka saba, na macho yangu yalipita juu ya kichwa chake.

– Sijui, nikasema. – Nilikuwa namtazama mwenzako. Nisamehe, mwanangu.



– Kuna treni ya saa sita na robo, akasema. – Mwambie Mzee Alois asiloanishe ile kona.

Nilirudi benchini. Nikatoa nyundo na herufi zangu za chuma, nikaweka kibao juu ya goti, nikagonga. Herufi saba: APOLENA. Zilienea sawasawa, kana kwamba sikukosea kupima. Posta alisoma, akatoa leso, akapenga kamasi kwa kishindo kikubwa.

– Na mbwa je? akasema. – Mbwa ndiyo basi tena?

– Mbwa tutamchongea chake, alisema Profesa.

– Inukeni, nikawaambia.

– Kwenda wapi?

– Benchi linahama. Linakwenda kule mwisho, upande wa Vendula.

Udongo akaruka. Benchi hili halijahama tangu alipoajiriwa. Kule jua linapiga machoni kuanzia saa nane! Na udongo wenyewe mbichi, tutauchafua kwa miguu! Profesa akaongeza kwamba kule ndiko juu, kwa vidole viwili, kwa hiyo tutakuwa tunalibeba mlimani. Lakini walikuwa wameshainuka tayari. Tukashika miguu minne ya benchi, wazee wanne wenye magoti sita mazima kwa jumla, tukazunguka nje ya mstari huku Posta akitutukana kila hatua na glasi zikianguka moja baada ya nyingine. Tulipolitua chini hapakuwa na kahawa hata tone, machicha yote yalikuwa juu ya viatu vya Profesa.

Tukakaa. Jua lilitupiga usoni kama Udongo alivyosema. Kutoka kule uwanja ulikuwa mgeni kabisa kwangu. Niliweka mkono juu ya macho, nikatazama ng'ambo, pale mahali alipokuwa anasimama mwanangu, nikaanza kungoja saa tisa.