Bernardo Bundala na Kiwanja cha Nta

Bernardo Bundala, tunayemzika leo hapa Goweko, alizaliwa hapa hapa mwaka 1903. Baba yake, mzee Bundala, alikuwa mrina asali, na mama yake ni marehemu Apolinaria. Alibatizwa Tabora tarehe 8 Desemba 1911.

Alisoma kwa mapadre miaka mitatu, mpaka vita vya Wajerumani na Waingereza vikaifunga shule. Hapo alikuwa ameshajua kusoma na kuandika. Mkewe hakuwahi kujifunza kusoma, kwa hiyo karatasi zote za serikali zilizoingia nyumbani mwao marehemu alimsomea kwa sauti, kisha akazirudia polepole.

Tangu mwaka 1921 alimnunulia nta mfanyabiashara mmoja wa mjini, akipita vijiji vya njia ya zamani ya misafara, kwenda hadi karibu na Ujiji na kurudi. Katika safari hizo alimkuta Pelagia akichemsha nta kwa baba yake. Akamwambia nta yake imeungua. "Basi chemsha mwenyewe," Pelagia akamjibu. Marehemu alivua koti, akachochea mpaka jua likazama, naye akaiunguza. Walifunga ndoa tarehe 16 Julai 1932, na katika maisha yao yote hakumkosoa tena juu ya nta.

Mwaka 1948 serikali ilimpa kiwanja karibu na reli, katika sehemu ya viwanda. Walijenga banda la matofali ya kuchoma, wakaezeka mabati, wakaweka majiko manne. Hati ilikuwa na sharti kwamba kiwanja kisiachwe bila kazi.

Sasa, nta ina msimu wake. Warina hutoka porini na masega wakati wa kiangazi. Kiwanda huchemsha mpaka mvua zinapoanza, kisha moto huzimwa na mapipa huoshwa. Unyamwezi yote inajua hivyo. Machi 1953, mvua ikinyesha, zikaja habari kwamba ofisa wa ardhi atakagua viwanja.

"Baba Imakulata, jaza mapipa maji uwashe kuni," mkewe alimwambia. "Mzungu akiona moshi atapita zake."

"Nimchemshie maji mtu mzima? Akiuliza nitamweleza."

"Na asipouliza?"

"Atauliza. Kazi yake ni kuuliza."

Hakuuliza. Alichungulia, akagusa jiko, akaliona baridi, akaondoka. Mwezi Juni, nta ya kwanza ikichemka, ililetwa barua kwamba kiwanja kimetelekezwa na kinarudi serikalini. Marehemu aliisomea pale pale kwenye moshi, katikati ya wafanyakazi wake. Kabla ya Krismasi walitolewa, na kiwanja akapewa mfanyabiashara wa tumbaku. Huyo mpaka leo hajaweka hata tofali moja, nyasi zimempita mtu kimo, wala hatujasikia kwamba naye amekitelekeza.

Marehemu alifungua kesi. Iliitwa na kuahirishwa, mara jaji yuko safarini, mara faili liko Dar es Salaam, mara wakili wa serikali anaumwa. Karani wa mahakama, Mzaramo, alimzoea kiasi cha kumtania kila akimwona mlangoni. "Nyie Wanyamwezi mlizoea kubeba pembe mpaka kwetu pwani. Pembe zimekwisha, sasa mnabeba kesi."

"Nikiutua mzigo huu utaubeba wewe, Mzaramo? Shingo yenyewe huna," marehemu alimjibu, nao wakacheka. Mkewe, aliyekaa kwenye benchi lile tangu asubuhi, hakucheka.

Novemba 1955 jaji alisema serikali ilikosea, kwa kuwa mwenye kiwanja alipaswa kusikilizwa kabla ya kunyang'anywa. Serikali ikakata rufani. Shauri limepangwa kusikilizwa Oktoba mwaka huu.

Kifua kilimsumbua marehemu tangu mwaka 1946, kikamlaza Mei mwaka huu. Alitibiwa hospitali ya Kitete, akarudishwa nyumbani. Mdogo wake, Damas, alikuja kumwona. "Shemeji," alimwambia Pelagia, "kesi imemmaliza kaka. Tuiondoe, tupokee fidia ya mabati ya banda, yaishe."

"Alikohoa kabla hatujapewa hicho kiwanja, Damas. Moshi ndio uliomla. Usiisingizie kesi."

Marehemu alikuwa macho. Mbele ya Damas na katekista Silasi alisema, "Kesi aisimamie Mama Imakulata. Alinipa shauri nikalikataa, mkaona wenyewe. Safari hii fuateni neno lake." Katika miaka ishirini na minne ya ndoa, ndiyo mara ya kwanza alikubali hivyo, na alingoja mpaka apungukiwe na pumzi.

Alifariki tarehe 9 Agosti 1956, alfajiri. Wakili wetu ametueleza kwamba ukoo ukiiondoa kesi sasa, kiwanja kimekwenda moja kwa moja. Ukoo utakaa siku ya kuondoa matanga. Neno la mjane linasemwa leo, mbele ya kaburi, ili siku hiyo asiwepo wa kusema hakulisikia: kesi haiondolewi, na Oktoba atakwenda Dar es Salaam mwenyewe.

Marehemu ameacha mjane, Pelagia, watoto watatu, Imakulata, Sylvester na Flavia, wajukuu wawili, na mdogo wake Damas.

Mungu ampe pumziko mahali ambapo hataandikiwa barua ya kuhama.