Msiba Nilioujenga Mwenyewe Nyakahura

Wazee, shikamooni. Wengine wote, hamjambo? Mwenyekiti kaniomba niongee kifupi. Asiwe na wasiwasi, shule niliishia kidato cha pili, maneno yenyewe yataniishia njiani.

Mnanijua kama mtu wa filamu, ingawa kwenye filamu hamjawahi kuniona. Kazi yangu ni kutengeneza mahali. Wakitaka duka, nasimamisha duka. Wakitaka ikulu ya mfalme, natafuta miti, udongo na rangi, ikulu inasimama. Mbele tu lakini. Ukizunguka nyuma unakuta mbuzi. Ndugu zangu, nawaambia, Biharamulo hii nimejenga kuliko mafundi wote, na hakuna nyumba yangu hata moja unayoweza kujikingia mvua.

Nilianza zamani, kule Nyamigogo. Nachunga ng'ombe wa baba, ukungu unashuka, mimi naona milango ndani ya ukungu, naona madirisha yana taa. Ng'ombe wanaingia kwenye mahindi ya watu, mimi bado niko dirishani. Nimechapwa sana kwa ajili ya yale madirisha.

Sasa siku moja niko juu ya jukwaa la miti, napaka rangi ukuta wa jumba la tajiri. Ukapendeza! Nikarudi nyuma kidogo niutazame vizuri. Jamani, mtu yuko juu hewani, anarudi nyuma autazame ukuta!

Chekeni tu, ila nyonga ilivunjika. Mkanibeba ninyi ninyi kwenye ile machela yetu ya kusuka, mkipokezana mlimani mpaka hospitali.

Mfupa ukaunga. Daktari akasema, "Inuka, utembee." Nikikaa kitandani naona sakafu iko chini kabisa, kama bado niko jukwaani. Narudi kulala. Mke wangu ananiwekea fimbo pembeni, mimi naipa mgongo. Nikawa naangalia bati, na kwenye bati nyumba zangu zinapita, zinaelea polepole, milango yote imefungwa. Nikajua kazi imeisha.

Kiangazi akaja yule dada mwongozaji, bosi wangu wa filamu. Anataka nyumba yenye msiba, pale Nyakahura karibu na soko.

"Dada, mimi sisimami tena."

"Nani kakuomba usimame? Njoo uonyeshe kwa kidole."

Mkanibeba tena. Nikalala kwenye machela yangu, bosi mkubwa: turubai pale, magogo ya moto hapa, masufuria kule. Asubuhi ukungu ukashuka, ukachanganyika na moshi, kila kitu kikawa kama kinaelea. Waigizaji hawajafika. Nikajifunika shuka mpaka kichwani kwa baridi, usingizi ukanichukua.

Nikasikia kilio. Si mnajijua? Sisi tukiona turubai na moto uani, hatuulizi, tunaingia. Kina mama waliokuwa wanaenda sokoni wametua ndizi, wengine wameshaleta na kuni! Dada anahangaika, "Mama zangu, hii ni filamu!"

Mama mmoja akamwambia, "Pole mwanangu. Uchungu unachanganya akili." Kisha akaja kwangu. "Si huyu fundi wa filamu, yule wa kubebwa kwa machela? Aliyejenga zahanati pale njia panda?"

Mwenzake akasema, "Ndiye. Nilipeleka mtoto ana homa, nafungua mlango, nakuta migomba!"

Wakacheka huku wanalia. Halafu yule wa kwanza akasema taratibu, "Mimi nilijua ni ya uongo. Lakini kila nikipita pale, nilitamani kuingia."

Ndugu zangu, hilo neno lilinishika. Nikafunua shuka nimshukuru.

Wacha wee! Ndizi huku, kanga kule! Nikapiga kelele, "Rudini mama zangu, mimi mzima!" Nawafuata, naita. Karibu na barabara ndipo nikaangalia chini, nikaiona miguu yangu, mitupu, inatembea kwenye umande.

Asanteni kwa mabega yenu. Asante mke wangu, ile fimbo sasa naitumia. Mimi somo langu ni dogo: kama una neno zuri kuhusu mtu, kamwambie leo, kabla hajafunikwa. Wengi hawafunui shuka.

Yule mama simjui jina, alikimbia sana. Ila pale njia panda nimejenga tena, na safari hii nyuma ya mlango kuna chumba cha kweli, kina bati na benchi. Mkimwona, mwambieni aingie.