Ferdinand Damasi Mlay na Pipa Lake la Ulezi

Aliyelala hapa mbele yenu ni Ferdinand Damasi Mlay, na kwa waliomjua, kumwona amelala mchana ni jambo geni. Alizaliwa tarehe 2 Februari 1957, Kilema, Moshi, mtoto wa tano wa Mzee Damasi na Mama Anna. Mama alikuwa mpika mbege, pombe yetu ya ndizi na ulezi, na pale Kilema hakuna aliyempita, hilo halina ubishi. Ferdinand alianza kutembea ana miezi tisa na hakuacha tena. Mama alimpa kazi ya kugeuza ulezi ulioloweshwa uote, maana hiyo ni kazi ya mtu asiyetulia. Ukiuacha bila kuugeuza unashika ukungu.

Alisoma Shule ya Msingi Kilema kuanzia 1965 hadi 1971. Masomo ya kukaa yalimshinda. Akaenda kujifunza useremala kwa mafundi wa misheni, miaka mitatu, na huko alitulia kidogo, kwa kuwa ubao unampa mtu ruhusa ya kusimama.

Tarehe 11 Juni 1983 alifunga ndoa na Violet, binti wa Marangu. Padri alimwambia mara mbili apige magoti vizuri. Mungu aliwajalia watoto wawili, Fredy na Queen.

Mwaka 1991 alikuja Amerika, akaegesha magari ya wageni hotelini Alexandria miaka kumi na mitatu. Violet alimfuata 1996, wakapanga nyumba Hyattsville, ng'ambo ya mto. Mwaka 2004 alipata kazi ya kutengeneza mapipa kwenye kiwanda kidogo cha wiski, huko huko Alexandria, cha Mzee Christopher. Ukoo ule umepika wiski vizazi vinne, na Christopher akianza kumtaja babu yake hamalizi. Ferdinand alimsikiliza kwa heshima, kisha akamwambia kwamba kwao vizazi havihesabiki, na waliopika ni wanawake.

Habari ya mwaka 2006 wengi mnaijua, lakini mnaisimulia vibaya. Ilikuwa hivi. Wanunuzi wa hoteli kubwa walikuja kuonja, na Ferdinand akapewa sinia la glasi awapelekee. Kwa Wachagga mwenye pombe huonja kwanza ndipo ampe mgeni, mgeni aone haina sumu. Basi akaonja kila glasi mbele yao, akawakabidhi kwa mikono miwili. Wageni wakatazamana. Christopher akamvuta kando, uso mwekundu.

"Ferdinand, unakunywa vya wageni?"

"Mzee, ulitaka niwape kabla sijaonja? Wangetufikiriaje?"

Christopher akalitazama sinia, akauliza, "Haya, umeonja nini?"

"Glasi nne ni nzuri. Ya tatu imetoka kwenye pipa linalopitisha hewa."

Wakaenda kulitazama, wakakuta ubao umepasuka kwa ndani. Tangu siku ile alikabidhiwa ghala la mapipa, na hakuna wiski iliyotoka mle bila yeye kuionja.

Taabu yake ilikuwa moja. Mbege haimsubiri mtu, ikipita siku chache imechacha. Wiski, mtu ndiye anaisubiri, na kwa mtu kama Ferdinand hiyo ni adhabu. Jumapili baada ya misa, ambayo aliisali amesimama mlangoni, alivuka mto kwenda Alexandria kugonga mapipa aliyoyagonga Ijumaa.

"Kwani yanakimbia?" Violet alimwuliza.

"Hayakimbii. Ndiyo maana yananitesa."

Mwaka 2015 Christopher alimruhusu apike pipa moja la kwake. Alinunua ulezi duka la Wahindi, akauotesha kwenye beseni la kuogea la bafuni, Violet akawa anaoga kwa jirani siku nne. Tarehe 9 Novemba pipa lilijazwa na kuandikwa jina lake, lisifunguliwe mpaka litimize miaka kumi na miwili. Miaka hiyo aliipanga mwenyewe. Wiski ikitoka nzuri, kiwanda kitapika ya ulezi kila mwaka. Ikitoka mbaya, inamwagwa na jina linafutwa.

Agosti 2023 aliugua, saratani ya tumbo. Septemba 2024 daktari alisema hatamaliza mwaka mwingine. Christopher alikuja Hyattsville mwenyewe, kofia mkononi, akasema Ferdinand akitaka pipa lifunguliwe, litafunguliwa kesho. Queen alilia, akamwambia baba yake kwa Kiingereza, maana Kiswahili anakisikia tu, kwamba ana haki ya kuonja kazi yake. Ferdinand akakataa. Dada yake mkubwa Dorothea, aliyeandika maneno haya, alimkalia kooni wiki nzima.

"Ferdinand, fungua uonje. Unamngoja nani?"

"Dada, haijaiva."

"Na ikiiva wewe utakuwa wapi?"

"Si lazima niwepo. Nikiifungua sasa nitaonja kitu ambacho sikukipika."

"Una kichwa kigumu."

"Cha Mama. Na wewe unacho."

Januari 2025 aliomba apelekwe alione tu. Fredy alimshika mkono. Alilizunguka pipa, akakuta pete moja ya chuma imelegea, akaomba nyundo, akaikaza mwenyewe mpaka pumzi zikamwishia. Kisha akavuta kiti, akakaa mbele yake saa nzima bila kuinuka. Violet anasema siku hiyo aliogopa kuliko siku ya daktari.

Alifariki Jumanne tarehe 18 Machi 2025, saa nne asubuhi, nyumbani kwake, akiwa na miaka 68.

Tangu msiba utangazwe watu wanauliza kama leo pipa litafunguliwa. Christopher yuko tayari, ufunguo wa ghala uko mfukoni mwake hapa hapa. Halifunguliwi. Dorothea aliyemsumbua marehemu alifungue ndiye anayekataa. Hatujui kama wiski ile ni nzuri au ni mbaya, na kutojua huko kunatunyima raha, lakini tarehe 9 Novemba 2027 mwenye uhai aje Alexandria. Kabla ya hapo asiulize mtu.

Ameacha mjane Violet, watoto Fredy na Queen, wajukuu watatu, dada yake Dorothea, na Mzee Christopher, ambaye katika ukoo huu anahesabiwa ndugu.

Mungu ampe usingizi mwema. Kungoja sasa ni kazi yetu.