Udongo wa Nyumba ya Jovina

Basi la Temeke lilipoondoka Kariakoo, Jovina, mke wa karani kutoka Bukoba, alikuwa ameshamfungulia moyo mama wa buibui aliyeketi naye.

"Masika hayo yanakuja, mama, na kuta zangu bado fito tupu. Fundi kapata kazi bandarini, kaniacha. Majirani nao wananipita bila hata salamu."

"Uliwaita kukandika?"

"Niwasumbue watu kwa udongo wangu?" Jovina alilelewa kutosumbua watu.

Yule mama alicheka mpaka kondakta akaacha kukata tiketi ili asikie vizuri. "Kumbe ndiwe! Mtaa mzima umenuna. Unaita fundi kana kwamba sie tumekufa! Pika maharage ya nazi, piga hodi kila nyumba, waombe. Kesho hutaona pa kukanyaga kwa watu."

"Na wakikataa?"

"Maharage ya nazi?"

"Mie hata kukuna nazi sijui," Jovina alinong'ona.

Basi likasimama. Mama akainuka na kikapu chake. "Nazi nitakuna mie. Wewe kapige hodi, tena uanzie kwangu, maana nami nimenuna."