Tamari, Jina la Mtende

Ndugu waombolezaji, majirani wa Buguruni na Vingunguti, nanyi mliosafiri kutoka kusini, mie ni Polikarpo Kasimiri, mchonga vinyago, kaka mkubwa wa marehemu, na ukoo umenituma niwasomee maisha yake. Wengi mmekuja kumzika Bi Demetria, na hamjakosea nyumba, ila msalaba ule pale, nilioufunika kwa kanga yake, hauna jina hilo, kwa hiyo nivumilieni hadi mwisho.

Marehemu alizaliwa tarehe 3 Oktoba 1930, wilayani Masasi, mwaka ambao mvua ilikatika mapema na mihogo ikadumaa, akiwa mtoto wa pili na wa mwisho wa mzee Kasimiri, katekista, na mama yetu Jovina. Baba alimwomba padre mmoja mzee jina la kike lenye maana njema, akaambiwa kwamba Waebrania wana jina Tamari, maana yake mtende, mti unaosimama wima penye ukame na kuzaa matunda matamu, naye baba, ambaye hakuwahi kuuona mtende kwa macho yake, akarudi nyumbani na jina hilo kama mtu aliyebeba mayai. Akabatizwa Tamari.

Kuhusu elimu, mie nilipelekwa shule nikafika darasa la nne, yeye akaachwa alime na mama, ndivyo tulivyokuwa siku zile, wala si jambo la kujivunia.

Baba alifariki mwaka 1946, nikabaki mie wa kupokea posa, na Jumamosi tarehe 14 Agosti 1948 dada yangu alifunga ndoa na shemeji yetu Albano, wakati huo kibarua wa mashamba ya karanga Nachingwea. Siku ile ile, kabla ya kwenda kanisani, mama mkwe, Mungu amrehemu, alisema binti anamtaka lakini jina halitaki, kwani alilisikia kanisani kuwa la binti wa mfalme aliyetendewa ubaya na kaka yake mwenyewe, na yeye alishazika wasichana wawili, hakutaka mkosi mwingine mlangoni. Wakapendekeza Demetria, jina la shangazi yao. Dada yangu alinitazama akingoja niseme neno, nami, nikitaka shughuli iishe na pombe isichache, nikasema mwiteni mnavyotaka. Nimechonga mpingo zaidi ya miaka thelathini, sijawahi kukata vibaya kama siku ile. Tangu hapo, kwa aibu, sikumwita Tamari wala Demetria, na walipopata mtoto nikawa namwita Mama Yuliana tu.

Walijaliwa watoto watatu, Yuliana, aliyezaliwa tarehe 2 Mei 1950, Kasimiri, tarehe 19 Januari 1953, na Tunu, tarehe 8 Machi 1957. Walihamia Dar es Salaam mwaka 1952, shemeji akapata kazi bandarini, marehemu akawa anakaanga vitumbua mbele ya duka la Bi Thuraya hapa Buguruni, na ambaye hakuvila anyooshe mkono. Siku ya Uhuru, tarehe 9 Desemba 1961, aligawa sinia zima bure, na baada ya Azimio, akina mama wa mtaa walipoanzisha mgahawa wao wa ujamaa, yeye ndiye aliyekuwa mpishi mkuu, hodari na mkali, aliyewahi kumrudisha mwenyekiti wa tawi akanawe mikono kwanza.

Ramadhani moja Bi Thuraya, aliyekuwa akimpa tende kila mwaka, alimwuliza jina alilopewa na baba yake, na alipotajiwa akafurahi sana, akasema hata kwa Kiarabu tende ni tamri, kwa hiyo shoga yangu wee, miaka yote umekula jina lako bila kujua. Wakaotesha kokwa kwenye debe, na mche wake mpaka leo uko uani.

Mwaka 1971 alijiunga na kisomo cha watu wazima, mwalimu akataka kila mmoja aandike jina lake, naye akaandika Tamari, polepole, herufi moja baada ya nyingine, mwalimu akapekua daftari la mahudhurio, akasema humu hakuna mtu huyo. Akafuta, akaandika Demetria, na cheti chake cha mwaka 1975 kikatoka hivyo. Alinisimulia huku akicheka, mie sikuweza kucheka.

Alianza kusumbuliwa na shinikizo la damu Novemba 1976, akalazwa mara tatu, na Jumanne tarehe 14 Juni 1977, saa nne asubuhi, akatutoka. Wiki mbili kabla, wodini, aliniomba nimwandikie jina lake msalabani, akasema wewe kaka una mkono mzuri. Nilipaswa kumwomba radhi palepale, badala yake nikaongea habari za mvua, na hilo linaniuma kuliko msiba wenyewe. Shemeji Albano amekubali jina hilo, kwa machozi.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi waliomhudumia, majirani mliokesha nasi, wenzake wa mgahawani, wenzake wa kisomo, na Bi Thuraya, ambaye tangu siku ile ya tende hakuwahi kumwita jina lingine.

Tunu, mwanangu, ondoa kanga. Miaka ishirini na minane na miezi kumi sikulitamka jina hili mbele yake, na leo nalitamka hasikii.

Nisamehe, Tamari. Pumzika kwa amani.